Mwongozo kamili wa kupiga filamu ya makala kuhusu mchekeshaji anavyosuka kichekesho chake

Filamu nyingi za aina hii zinafanana. Ukumbi umejaa, mchekeshaji anapanda jukwaani, watu wanacheka mpaka wanapigana makofi mabegani. Kisha tunapelekwa sebuleni kwake, anatueleza kwamba kazi hii ni ngumu na inataka kujituma. Dakika 20 zinaisha, na mtazamaji hajaona hata kichekesho kimoja kikitengenezwa. Ameonyeshwa kilichokwisha kuiva.

Wanaopiga filamu hizi wanahangaika na kamera na uhariri, wakati kosa limetendeka mapema zaidi: walifika wamechelewa. Kichekesho kilikuwa tayari kimejaribiwa na kukatwakatwa katika kumbi ndogo ambako hawakuwapo. Hakuna mhariri anayeweza kurudisha usiku ambao haukurekodiwa.

Mwongozo huu unasimama juu ya jambo moja. Mhusika mkuu wa filamu yako ni kichekesho, na mchekeshaji ndiye anayekilea. Fuata kichekesho kuanzia kwenye karatasi mpaka siku kinapopata umbo lake, na filamu itakuwa na mwanzo, misukosuko na mwisho bila wewe kubuni chochote.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Mchekeshaji anayeanza kutunga vichekesho vipya sasa hivi, na anayepanda jukwaani angalau mara moja kwa wiki.
- Makubaliano ya maandishi kati yako na yeye, na ruhusa ya mwenye ukumbi.
- Kamera moja inayoona vizuri kwenye mwanga hafifu, na stendi imara. Kamera ya pili ni nyongeza nzuri, si sharti.
- Kinasa sauti chenye njia mbili au zaidi, waya wa kuchukua sauti kwenye mikisa ya ukumbi (mashine ya fundi mitambo ya kuchanganyia sauti), na maikrofoni mbili za kuelekeza kwa watazamaji.
- Betri za akiba na kadi za kutosha kurekodi bila kukatisha.
- Diski mbili za kuhifadhia, ili kila usiku uwe na nakala mbili mahali tofauti.
- Daftari au jedwali la kompyuta la kumbukumbu. Wengi hukiona kitu hiki ni kidogo, lakini ndicho kitakachookoa uhariri.
- Muda. Jipangie miezi mitatu hadi sita ya kurekodi. Kwa wiki mbili utapata maonyesho mawili matatu tu, na mabadiliko hayataonekana.

## Filamu tatu za kutazama ukiwa na kalamu mkononi

Usizitazame kwa ajili ya kucheka. Tazama zilivyopigwa.

*Comedian* ya mwaka 2002, iliyoongozwa na Christian Charles, inamfuata mchekeshaji wa Marekani Jerry Seinfeld akianza upya. Mwaka 1998 alikuwa ametumia vichekesho vyake vya miaka mingi katika onyesho moja la televisheni na kuamua kuvistaafisha. Filamu inamkuta katika kumbi ndogo na karatasi zake, na kuna mahali maneno yanamkauka kabisa mbele ya watu. Angalia kamera inavyobaki naye wakati huo badala ya kukimbilia picha nyingine.

*Joan Rivers: A Piece of Work* ya mwaka 2010, ya Ricki Stern na Annie Sundberg, inaonyesha makabati ya kadi ambazo mchekeshaji Joan Rivers aliandikia vichekesho vyake na kuvipanga kwa mada. Angalia jinsi kitu kikavu kama kabati la mafaili kinavyoeleza maisha mazima ya kazi.

*The Aristocrats* ya mwaka 2005 inachukua kichekesho kimoja cha zamani na kukipitisha kwa wachekeshaji wengi. Hofu ya kila anayepiga filamu hizi ni kwamba mtazamaji atachoka kusikia kitu kilekile. Filamu hii inaonyesha kuwa marudio hayachoshi iwapo kila mara kuna kinachotofautiana.

## Hatua ya 1: Mpate mchekeshaji akiwa mwanzoni

Muulize swali moja: "Una dakika ngapi ambazo hujawahi kuzitoa mbele ya watu?" Akisema ana onyesho zima limekamilika na linasubiri kurekodiwa, mtakie heri na umtafute mwingine, au mwombe umfuate atakapoanza tena. Unayemtaka ni yule mwenye vipande vya mawazo na wasiwasi kidogo.

Umaarufu hausaidii sana hapa. Filamu ya 2002 inamweka Seinfeld sambamba na Orny Adams, mchekeshaji ambaye bado alikuwa anajitafutia jina, na mara nyingi ni huyu wa pili anayekufanya usibanduke kitini, kwa sababu hujui atafika wapi.

Onyo: kuwa mwangalifu na mchekeshaji anayetaka aonekane vizuri muda wote. Kabla ya kukubaliana, mwambie wazi kwamba usiku mbaya ndio utakaoibeba filamu zaidi. Uso wake ukibadilika, umepata jibu lako.

Dalili kwamba umefaulu: amekuonyesha ukurasa wa daftari wenye mistari iliyofutwa, na hakuomba radhi kwa mwandiko.

## Hatua ya 2: Andikianeni kabla ya kamera kuwashwa

Kichekesho kikishavuja, thamani yake hupungua. Mtu akishakisikia kwenye simu, hashtuki tena ukumbini, na mshtuko ndio uti wa mgongo wa kicheko. Ndiyo maana wachekeshaji Dave Chappelle na Chris Rock wamekuwa wakitaka simu za watazamaji zifungiwe kwenye mifuko maalumu katika maonyesho yao. Wewe unaingia ukumbini na kamera kubwa kuliko simu zote hizo, kwa hiyo imani unayopewa ni kubwa.

Andikeni mambo haya kwa lugha rahisi:

- Hakuna klipu itakayotoka popote, hata ya sekunde kumi, mpaka mchekeshaji atakapotoa onyesho lake kamili au mtakapokubaliana tarehe.
- Maneno ya vichekesho ni mali yake. Picha na uhariri ni vyako.
- Ana haki ya kuomba kitu kiondolewe kikimgusa mtu wa nyumbani kwake au mtu asiyehusika. Hana haki ya kuondoa usiku kwa sababu tu hakuchekwa.

Kipengele hicho cha mwisho kijadilini mpaka kieleweke. Kisipoandikwa, ndipo ugomvi utakapozuka mwishoni.

Kwa watazamaji, bandika tangazo mlangoni kwamba kunarekodiwa na tenga eneo ambalo kamera haifiki. Asiyetaka kuonekana akae huko.

## Hatua ya 3: Rekodi karatasi

Kabla ya jukwaa kuna karatasi, na karatasi haidanganyi. Katika *Jerry Before Seinfeld* ya mwaka 2017 kuna picha ya Seinfeld amekaa barabarani katikati ya kurasa za manjano zilizotandazwa, vichekesho alivyoandika tangu miaka ya 1970. Picha moja, na unaelewa kazi ilivyo kuliko ungepewa mahojiano ya saa nzima.

Piga kila ukurasa unaohusika kutoka juu, kamera ikitazama chini moja kwa moja, mwanga ukitoka upande mmoja ili alama za kalamu zionekane. Andika tarehe. Rudi kwenye ukurasa uleule baada ya kila onyesho, kwa sababu maneno yatakuwa yamefutwa na mengine kuongezwa pembeni.

Usimwombe aandike kwa ajili ya kamera. Ataandika maneno safi, yaliyonyooka, na utapata kitu kisichofanana na kazi yenyewe. Kama hutunga akitembea au akiendesha gari, mwombe ajirekodi sauti kwenye simu. Sauti hizo, zenye kelele za njiani na sentensi zisizomalizika, mara nyingi huwa dhahabu.

## Hatua ya 4: Chagua vichekesho vitatu, si kumi

Kaa naye, mchague vichekesho vitatu vipya vya kufuata. Chukua kimoja anachokiamini sana, kimoja ambacho hana uhakika nacho, na kimoja anachokiogopa. Bado utarekodi onyesho lote kila usiku, ila macho na daftari lako vitakuwa kwenye hivyo vitatu.

Kwa nini vitatu? Kwa sababu kimoja kitakufa njiani, na kingine kitaimarika bila misukosuko. Kitakachobaki ndicho filamu yako, na huwezi kukijua mapema.

## Hatua ya 5: Sauti, hapa ndipo wengi wanapoangukia

Ukiipoteza picha ya usiku mmoja, unaweza kuishi. Ukikipoteza kicheko cha usiku mmoja, huna ushahidi wa kilichotokea.

Kosa la kwanza ni kutegemea waya wa fundi mitambo peke yake. Mikisa inakupa sauti safi ya mchekeshaji, lakini maikrofoni iliyo mdomoni mwake haikioni kicheko cha ukumbi. Utafika nyumbani na kumsikia mtu anayezungumza peke yake, kisha ananyamaza bila sababu.

Fanya hivi. Chukua waya wa mikisa kwenye njia ya kwanza ya kinasa sauti. Weka maikrofoni mbili ukingoni mwa jukwaa, kushoto na kulia, zikilipa mgongo jukwaa na kuwatazama watu, nyuma ya mstari wa spika ili zisinase sauti ya spika kuliko ya watu. Zisiwe karibu na meza yoyote, la sivyo mchekaji mmoja mwenye sauti ya juu atakuwa ndiye ukumbi mzima.

Kosa la pili halionekani mpaka wakati wa kuhariri: kukiacha kifaa kijipangie kiwango cha sauti chenyewe. Ukumbi ukiwa kimya, kifaa kinapandisha sauti kutafuta cha kusikia, na kicheko cha watu wawili kinatoka kama cha watu mia. Ukumbi ukilipuka, kifaa kinashusha. Mwishoni usiku mbaya na usiku mzuri vinasikika sawa, na hadithi yako yote imesawazishwa na mashine.

Zima mpangilio huo. Weka kiwango kwa mkono, mazungumzo yakicheza kati ya desibeli -18 na -12, ili kicheko cha ghafla kipate pa kupandia bila kupasuka. Kwa maikrofoni za watazamaji, andika kiwango ulichoweka na umbali wake kutoka watu wa mbele, kisha tumia hivyohivyo kila unaporudi ukumbi uleule. Kwenye mipangilio ya ubora wa kinasa sauti, chagua kHz 48 na biti 24.

Kabla watu hawajaingia, piga kofi moja mbele ya kamera huku kila kifaa kikirekodi. Kofi hilo litakusaidia kuoanisha sauti na picha.

Dalili kwamba umefaulu: fumba macho usikilize maikrofoni za watazamaji peke yake. Uweze kutambua kicheko cha adabu, kicheko cha mshangao, na ule mguno wa mtu anayejizuia.

## Hatua ya 6: Kamera isiyohamahama

Chagua sehemu moja ya kamera na urudi hapohapo kila usiku katika ukumbi huo. Pima kwa utepe kama ni lazima. Fremu ianzie magotini mpaka juu kidogo ya kichwa, kwa sababu mikono ya mchekeshaji hubadilika sawa na maneno yake.

Faida yake utaiona kwenye uhariri. Picha za usiku tano zikiwa na umbo moja, unaweza kuruka kutoka usiku mmoja hadi mwingine katikati ya sentensi, nguo zikibadilika na sentensi ikiendelea. Mtazamaji anaona neno likidondoka na jingine likiingia, bila msimulizi kumwambia. Sijui njia nyingine inayoeleza kazi hii kwa uwazi kama hiyo.

Usimwombe avae nguo moja. Nguo tofauti ndizo zinazomwambia mtazamaji kwamba siku zimepita.

Kwenye mipangilio ya kamera, tumia fremu (picha) 25 kwa sekunde na shata, yaani muda wa kupokea mwanga kwa kila picha, ya sekunde 1/50. Taa zikiwakawaka kwenye picha, badilisha shata kidogo. Usiongeze taa zako. Watu hucheka kwa uhuru wakiwa gizani, na taa ukiiwasha usoni mwao umeua onyesho la mtu aliyekuamini. Kamera ya pili, kama ipo, ielekeze kwenye karatasi iliyo juu ya kiti chake jukwaani, au kwenye uso wake kwa pembeni anaposubiri kuitwa.

## Hatua ya 7: Dakika kumi baada ya kushuka

Kuwa mlangoni anaposhuka, kamera ikiwa tayari inarekodi. Baada ya dakika kumi atakuwa amekwisha kutunga maelezo ya kilichotokea, na maelezo hayo yatakuwa laini kuliko ukweli.

Usimuulize anajisikiaje, atasema yuko sawa. Muulize mambo anayoweza kuyagusa:

- "Neno gani umeliacha leo?"
- "Wapi ulitegemea wacheke wakanyamaza?"
- "Ulipokaa kimya pale katikati, ulikuwa umesahau au umekusudia?"

Kisha nyamaza. Mara nyingi atalirudia lile neno kwa sauti ya chini, atajaribu jingine, atatafuta kalamu. Hapo ndipo unapokuwa na filamu.

Usiku ukiwa mbaya kweli, mpe nafasi kwanza. Kamera inaweza kubaki mbali, ikipiga mgongo wake anapokusanya vitu. Hakuna picha inayostahili kumdhalilisha mtu.

## Hatua ya 8: Jaza jedwali usiku uleule

Kwa kila kichekesho kati ya vile vitatu andika: tarehe, ukumbi, maneno yake kama yalivyotoka, kicheko kilianzia kwenye neno gani, kilidumu sekunde ngapi, na kipi kilibadilika. Ukingoja kesho yake, utaandika unachodhani ulisikia.

Chukua mfano huu niliotunga. Usiku wa kwanza mchekeshaji anasema: "Juzi jamaa yangu alinipigia simu, ilikuwa kama saa nane hivi usiku, mimi nimelala zangu, nikashtuka nikapokea, akaniuliza eti, ulikuwa umelala? Nikamwambia hapana, nilikuwa nalinda kitanda kisije kikaibiwa, si unajua wezi siku hizi." Watu wanaanza kucheka kwenye "kitanda". Maneno yanayofuata yanaangukia juu ya kicheko na kukizima. Kwenye jedwali: kicheko, sekunde moja, kimekatwa na mkia.

Usiku wa tatu mkia umeondoka. "Saa nane usiku, simu inaita. Ulikuwa umelala? Hapana. Nalinda kitanda." Ananyamaza. Sekunde tatu.

Usiku wa tano, kabla ya kujibu, anakohoa kidogo kusafisha koo. Hakukusudia. Watu wanacheka kabla hajatamka neno lolote, kwa sababu kila mmoja wao amewahi kusafisha koo vile ili asijulikane kwamba alikuwa amelala. Anashtuka mwenyewe, unaliona kwenye nyusi zake.

Usiku wa sita kichekesho kimehama. Sasa kinahusu jinsi sote tunavyokana usingizi: saa nane za usiku, mtu anasafisha koo, anakaza sauti, "Hapana, hata sijalala!" Utadhani kulala ni kosa la jinai. Kitanda kimeachwa kabisa, ingawa ndicho kilichomfikisha hapo.

Kikohozi kile ndicho kilele cha filamu yako. Bila jedwali, kingepotea ndani ya saa nyingi za picha, maana hakuna anayetafuta kikohozi.

## Hatua ya 9: Hariri kwa kufuata kichekesho

Usipange filamu kwa mada za mahojiano. Panga kwa safari ya kichekesho kilichosalimika: karatasi, usiku wa kwanza, dakika kumi za baadaye, karatasi tena, usiku unaofuata. Vile viwili vingine viingie pale vinapoonyesha kitu ambacho cha kwanza hakionyeshi, kwa mfano namna mchekeshaji anavyokizika anachokipenda.

Usiku wa kwanza uache ukamilike, pamoja na vimya vyake vyote. Mtazamaji anahitaji kukijua kichekesho kibovu vizuri ili aje kutambua kilichotengenezwa. Kuanzia mara ya tatu, onyesha sehemu iliyobadilika tu.

Onyo kubwa: usichukue kicheko cha usiku mmoja ukakibandika kwenye usiku mwingine. Usikipunguze wala usikiongeze. Katika filamu ya aina nyingine huenda ni mapambo, hapa ni kughushi, kwa kuwa kicheko ndicho kipimo ambacho filamu nzima inadai kukionyesha.

Dakika 15 hadi 25 zinatosha kwa kichekesho kimoja. Onyesho kubwa la mwisho, kama lipo, lipe nafasi ndogo. Mchekeshaji Richard Pryor alivisuka vichekesho vya *Live in Concert* ya mwaka 1979 kwa kupanda mara kwa mara kwenye klabu ya The Comedy Store kule Los Angeles mwaka 1978. Dunia inalifahamu onyesho, wewe kazi yako ni kuonyesha zile siku za klabuni.

## Hatua ya 10: Jaribu kwa watu wasiokijua kichekesho

Mwonyeshe mchekeshaji kwanza, kwa mujibu wa makubaliano yenu. Kisha watafute watu watano au sita wasiomfahamu.

Filamu ikiisha, usiwaulize kama wameipenda. Waombe wakusimulie kichekesho kilivyokuwa usiku wa kwanza, halafu kilivyokuwa mwishoni, na waseme ni lini kiligeuka. Wakikumbuka maisha ya mchekeshaji lakini wakashindwa kusimulia kichekesho, umerudi kwenye filamu ya sebuleni. Fungua jedwali, rudisha usiku uliouruka, punguza mahojiano.

Wakikutajia kile kikohozi bila kuulizwa, funga uhariri, mpelekee mchekeshaji nakala, na msubiri tarehe mliyoandikiana.